Kadi Tupu Hukaa Mbele

Nilimwahidi Mwalimu Gwakisa kwamba sitampa mtu yeyote maana ya neno ambalo mimi mwenyewe silijui. Niliitoa ahadi hiyo nikiwa na miaka ishirini na minne, nimesimama barazani kwake Makandana, viatu vimelowa, na nikiwa na ile hakika ya kijana aliyetoka chuoni kwamba ahadi ya namna hiyo haina uzito. Nani atashindwa kunyamaza juu ya jambo asilolijua? Mwezi uliopita nilistaafu. Vijana wa idara ya Kiingereza mliniomba niwaachie chochote cha kusoma, nami nimeona niwaachie habari za ahadi hiyo, kwa sababu niliivunja mara moja tu, na mara hiyo moja ilitosha.

Habari za vyeo sitaziandika. Vilikuja vilipotaka. Mshahara mnaujua, maana ni huo huo wenu.

Nilipangiwa Rungwe nikitokea Singida, ambako mvua ni mgeni anayesubiriwa. Hapa nilikuta mvua ni mwenyeji, na mgeni ni mimi. Shule ilikuwa Isongole, juu kwenye baridi ya mashamba ya viazi. Ilikuwa imejengwa kwa nguvu za wazazi, ina madarasa matatu yenye sakafu na la nne lenye matumaini. Mwalimu Gwakisa, niliyekuja kumrithi, alikuwa anamaliza wiki yake ya mwisho kazini. Alikuwa mzee mwembamba, koti moja, kalamu mbili. Siku yangu ya kwanza aliketi dawati la nyuma, akaniachia darasa.

Tulikuwa tunasoma kitabu cha hadithi kilichochakaa. Msichana mmoja akanyoosha mkono akauliza jinsi ya kutamka *gaol*, neno la zamani la Kiingereza lenye maana ya jela. Sikuwahi kulisikia. Nilikuwa nimeliona tu vitabuni, tena kwa mbali. Nikasema kwa sauti ya kujiamini: "Gaoli." Darasa zima likaitikia kwa pamoja: "Gaoli!" Nikawaambia warudie. Wakarudia.

Mzee hakusema kitu mbele ya wanafunzi. Kengele ilipolia alinifuata ofisini, akafunga mlango.

"Linatamkwa *jeil*, mwanangu. Umewafundisha watoto neno ambalo halipo duniani. Kesho utalirudisha."

"Nitalirudishaje, mwalimu?"

"Utasema: jana nilikosea. Ni maneno mawili. Hayahitaji kamusi."

Kesho yake nilisema. Wanafunzi walicheka mpaka mwalimu wa hesabu wa darasa la jirani, Lusekelo, akachungulia dirishani kuona kulikoni. Kufikia mchana nilikuwa na jina jipya. Hata leo, nikipita sokoni Tukuyu, watu wazima wenye mvi huniita kutoka ng'ambo ya barabara: "Shikamoo, Mwalimu Gaoli!" Nimezoea. Wakati ule sikuwa nimezoea, na naomba mlikumbuke hilo mtakapofika mbele kidogo.

Kabla hajaondoka, Mwalimu Gwakisa alinikabidhi kasha. Lilikuwa dogo, limepigwa kwa mbao nyembamba za kreti la chai, na ndani yake mlijaa kadi zilizokatwa kwenye maboksi ya chaki. Kila kadi ilibeba neno moja gumu la Kiingereza. Juu liliandikwa kama lilivyo kitabuni. Chini yake matamshi yalionyeshwa kwa herufi zetu, ili mtu wa Isongole ayasome bila alama za chuoni: *isthmus*, ismas, *phlegm*, flem. Kisha ilifuata maana kwa Kiswahili, na mwisho jina la aliyeuliza. Neno ambalo maana yake haijapatikana lilipewa kadi pia, ila nafasi ya maana iliachwa wazi. Nilidhani kadi hizo za aibu zilipaswa kufichwa nyuma. Nikazipanga hivyo. Mzee alizitoa moja moja akazirudisha mbele.

"Kadi tupu hukaa mbele," alisema. "Ukifungua kasha, uanze na usichokijua."

Alikuwa na sharti jingine ambalo wakati ule niliona ni maajabu ya wazee. Kadi haijazwi siku unapoipata maana kwenye kamusi. Inajazwa siku aliyeuliza anapopata jibu lake. "Wewe kujua si kazi," alisema. "Kazi ni yeye kujua."

Kamusi yenyewe kubwa ilikuwa nyumbani kwake Makandana, pale Tukuyu, imefungwa kwa kitambaa cha mezani. Ya shule ilikuwa ndogo, ya wanafunzi, na kurasa kadhaa zilikuwa zimekwisha kwa shughuli zisizo za kielimu. Basi kila Jumamosi asubuhi nilidandia gari la viazi linaloteremka Tukuyu, nikiwa na kadi tupu za wiki mfukoni, na alasiri nilirudi na lililokuwa likipanda kufuata mzigo. Jumamosi ya kwanza kabisa ndipo nilipotoa ile ahadi barazani.

Hiyo ilikuwa miaka ya mwanzo ya soko huria. Walioishi kabla yake wanakumbuka rafu zilizokuwa na chumvi na vumbi. Ghafla rafu zilijaa, na kila kilichojaa kilikuwa na maandishi ya Kiingereza. Watu walianza kuja shuleni baada ya vipindi. Mama alileta chupa ya dawa ya kikohozi. Kijana wa Masukulu alileta karatasi iliyotoka kwenye sanduku la redio. Mchungaji alileta barua ya wafadhili, akaniomba nimwambie kwanza kama wamekubali au wamekataa, adabu zake atazisoma mwenyewe. Nilikuwa nimetoka chuoni nikiamini kwamba mwalimu ni mtumishi wa umma hata nje ya darasa, na hapo umma ulikuwa umenisikia. Nilifurahi kupita kiasi. Neno nisilolijua niliandikia kadi, nikamwambia mtu arudi Jumatatu. Wengi walirudi.

Ijumaa moja alikuja mzee Asajile. Alikuwa mkulima wa viazi wa jirani na shule, mtu wa kanisani, mwenye sauti ya chini na shati lililofungwa mpaka kifungo cha shingo. Kiswahili chake kilikuwa na sauti ya nyumbani. Viazi kinywani mwake vilikuwa *fiasi*, nami sikupata kuona sababu ya kumsahihisha, kwa kuwa vilimtii vizuri kuliko viazi vya mtu mwingine yeyote. Alikuta nimesimama na Lusekelo mbele ya ofisi, na wanafunzi wa zamu wakifagia karibu.

"Mwagonile, mwalimu. Nimenunua dawa kule mjini kwenye duka jipya. Wamesema ni ya fiasi. Nisomee inasemaje."

Msimu ule ukungu ulikuwa umeingia mashambani. Majani ya viazi yalianza kupata mabaka meusi, na kila mkulima alikuwa anatafuta dawa. Nilichukua kopo. Neno la viazi nililiona. Maelezo ya kuchanganya na maji niliyaona. Katikati yake kulikuwa na mawili nisiyoyajua: *desiccation* na *haulm*.

Nilijua kabisa kwamba siyajui. Hilo ndilo ninalotaka mlione waziwazi, kwa sababu sikukosea gizani. Mkono wangu ulikwisha kuingia mfukoni kutafuta kadi. Ndipo Lusekelo, ambaye hakuwa na ubaya wowote bali mdomo tu, akasema:

"Mzee, una bahati. Huyu ni Gaoli mwenyewe. Kama hajui atakutungia."

Wanafunzi wakainamia fagio zao, mabega yakitikisika. Mkono wangu ukatoka mfukoni mtupu.

"Ni dawa ya kukinga viazi," nilisema. "Inanyunyiziwa kwenye majani."

Nusu ya pili ilikuwa kweli. Mzee Asajile alilipokea kopo kwa mikono miwili, akapiga magoti kidogo kama wanavyofanya hapa wakipokea. "Ndaga fijo, mwalimu, asante sana. Bomba la kunyunyizia nimeazima, nitalipata kesho alasiri." Akaondoka. Lusekelo akanipiga begani, akasema leo nimetamka vizuri.

Jumamosi nilipofika Makandana niliandika kadi mbili kwenye meza ya Mwalimu Gwakisa, kana kwamba ni za wiki kama nyingine. Nilifungua kamusi. *Desiccation*, kukausha. *Haulm*, linatamkwa *hoom*: mashina na majani ya viazi, ya maharage, ya mimea ya namna hiyo. Nilikaa nikiangalia ukurasa. Dawa ile ilikuwa ya kuua majani. Mashamba makubwa hunyunyizia viazi vikishakomaa, ili majani yakauke na kazi ya kuchimba iwe rahisi. Viazi vya mzee Asajile vilikuwa vimetoa maua tu.

"Aliuliza nani?" Mwalimu Gwakisa alisema. Nilimwambia. Aliangalia saa ya ukutani. "Na ulimjibu?"

Nilifunga kamusi, naye hakuuliza tena. Alinifungulia mlango.

Lori lilinifikisha Isongole kama saa tisa. Nilikwenda moja kwa moja nyumbani kwa mzee. Sikumkuta. Uani alikuwa peke yake mke wa mwanawe, Tupokigwe, anamenya ndizi. Alisema baba yuko shambani, ng'ambo ya korongo. Mume wake yuko Mbeya, atarudi Jumatatu. Mama mkwe yuko msibani Masukulu.

Niwaambie ukweli: niliposikia kwamba mzee hayupo, nilifarijika. Nilikuwa nimechoka, na ujumbe ulionekana kitu chepesi kuliko uso wa mzee. Nikasema:

"Dada, mwambie baba asinyunyizie ile dawa. Asiiguse kabisa. Nitakuja kumweleza."

Alishusha macho. "Mwalimu, mimi ni mkwe hapa."

"Vizuri. Basi umwambie upesi."

"Mimi ni mkwe hapa," alisema tena, polepole.

"Nimekuelewa, dada."

Nikaenda nyumbani, nikalala usingizi mzuri.

Siku ya nne majani yalikuwa ya njano. Wiki ilipoisha shamba lote lilikuwa kahawia, kama lililopitiwa na moto usio na moshi. Mtu alifukua tuta moja akakuta viazi vya ukubwa wa gololi. Hicho ndicho kilichokuwa chakula cha nyumba ile na mbegu yake ya msimu uliofuata.

Nilidhani mzee alipata ujumbe akaupuuza. Nilijipoza kwa wazo hilo kwa siku tatu nzima. Wakati huo watu walikwisha kumpata mkosaji wao: mwenye duka la pembejeo. Soko huria lilikuwa limetuletea bidhaa za bandia za kutosha, na hakuna aliyehitaji ushahidi zaidi. Mwenyekiti wa kijiji aliitisha mkutano siku ya Alhamisi, na mwenye duka akaitwa aje kujibu. Ilisemwa kwamba akishindwa kulipa shamba, hatauza tena kitu Isongole, na huenda wala Tukuyu.

Jumatano, msiniulize kwa nini, nilimweleza Lusekelo, yeye kati ya watu wote. Labda kwa kuwa alikuwa shahidi. Alisikiliza bila mzaha mpaka nilipofika kwa Tupokigwe.

"Ulimpa nani ujumbe?"

"Mkwe wake."

"Mke wa mwanawe? Gaoli! Mwanamke hapa hasemi na baba mkwe wake. Nyumba ile wanashika mila hasa. Wakikutana njiani, yeye huingia kichakani na mzee hugeuza uso. Hakukwambia?"

"Aliniambia yeye ni mkwe."

"Sasa ulitaka akwambie vipi tena?"

Alhamisi mwenye duka alikuwa ameketi kwenye benchi peke yake, kijana wa rika langu, mikono katikati ya magoti. Alikuwa amekwisha kusema mara mbili kwamba kopo lilikuwa zima na halali, na mara mbili wamemzomea. Nilisimama nikaomba kusema. Nilikuwa nimeandaa maneno mengi, ya utangulizi na ya hitimisho, kama tulivyofundishwa. Yote yaliondoka. Likabaki moja.

"Nilikosea," nilisema. "Dawa haikuwa bandia. Mzee Asajile aliniomba nimsomee, nami nikambahatishia."

 Sauti ikatoka nyuma: "Na baadaye ulipojua, mbona hukusema?"

"Nilileta ujumbe Jumamosi ile ile," nilijibu. Nilikuwa na hamu ya kuonekana sikukaa bure. "Niliuacha nyumbani."

Sentensi haijamalizika nikaona vichwa vikigeuka upande wa wanawake, ambako Tupokigwe alikuwa ameketi mwisho kabisa, kitenge kimemfunika mpaka usoni kwa kuwa baba mkwe wake alikuwa mbele. Asingeweza kujitetea. Sauti yake haikuruhusiwa kufika masikioni mwa yule aliyepaswa kuisikia. Mumewe alishika kichwa. Nilitambua kwamba nimesimama kutua mzigo wangu, na ninautua juu ya mtu mwingine.

"Subirini," nikasema, na nadhani nilipiga kelele. "Aliniambia kwamba hawezi. Aliniambia mara mbili. Mimi nilisema nimeelewa na sikuwa nimeelewa. Ilikuwa juu yangu kuvuka korongo kwa miguu yangu. Sikuvuka kwa sababu niliogopa kumkuta mzee."

Mwenyekiti alimtazama mzee Asajile. Mzee akaniuliza kwa ile sauti yake ya chini, bila hasira yoyote ambayo ningeweza kuishika:

"Mwalimu, siku ile ulipolisoma kopo, ulijua kwamba hujui?"

"Nilijua, baba."

"Basi ungeniambia tu. Mimi nimelima miaka yote hii bila kulijua hilo neno. Ningengoja mpaka Jumatatu."

Hakuna mkaguzi wa shule aliyewahi kuniandikia ripoti kama hiyo.

Mwenye duka aliachiwa aende. Mimi niliambiwa nikachimbe pamoja na wenye shamba, na nilikwenda Jumamosi mbili mfululizo. Kuchimba viazi vya gololi ni kazi ndefu kuliko kuchimba vilivyokomaa, kwa sababu hakuna anayetaka kuacha hata kimoja. Siku ya pili mzee alipokuwa upande wa juu wa shamba, Tupokigwe alipita karibu na tuta langu akasimama, mgongo umeelekea kwa baba mkwe.

"Mwalimu, siku ile nilikuja mpaka pale," alisema, akionyesha kwa kidevu ukingo wa korongo. "Nilizunguka kwa majirani, wote walikuwa msibani. Nikaja nikasimama pale ili aone kuna jambo. Aliniona. Akageuka kwa heshima, akaenda kunyunyizia upande wa mbali."

Nikaacha kuchimba, nikautazama ule ukingo.

"Nilikwambia mimi ni mkwe."

"Uliniambia."

"Hukuuliza maana yake."

"Sikuuliza."

Akaokota kiazi nilichokiruka, akakitupa kwenye kikapu changu, akaenda zake.

Jumapili ile niliteremka Makandana na kadi mbili. Mwalimu Gwakisa alizichukua akasoma jina la aliyeuliza. "Amejibiwa?" aliniuliza. Nikasema amejibiwa. Akanipa moja ya kalamu zake mbili, na hapo mezani nikajaza maana. Mkifungua kasha mtaziona. Wino wake ni tofauti na wa kadi nyingine. Ya tatu niliandika kwa hiari yangu, ingawa si ya Kiingereza na haikuhitaji matamshi: *mkwe*. Maana yake niliiandika kwa urefu, na mzee hakunizuia.

Msimu uliofuata mzee Asajile alipanda kwa mbegu ya kupewa na ndugu. Siku moja alikuja tena shuleni na kopo jingine. Lusekelo alikuwepo, na safari hii alijifanya anasoma gazeti. Nililigeuza kopo nikakuta neno jipya.

"Hili silijui, baba," nilisema.

"Ndaga," alisema mzee. Nilimwona akivuta pumzi kama mtu aliyetua mzigo. "Basi nitakuja Jumatatu."

Baada ya hapo miaka iliendelea kama inavyoendelea. Mwalimu Gwakisa alifariki, kamusi ikaja kwangu na kitambaa chake. Maneno mageni yaliongezeka kuliko kadi: ya mikataba ya chai, ya mikopo, ya vipimo vya hospitali. Sikuyamaliza. Siku hizi mnabonyeza simu nayo inatamka neno lolote, na nakiri inatamka vizuri kuliko mimi. Ila sijawahi kuisikia ikitamka "sijui". Na pale getini, kijana wa bodaboda bado anasimama na karatasi ya mama yake mkononi, akisubiri mwalimu wa Kiingereza atoke. Mara nyingi nilitoka nimechoka. Mara nyingi sikuwa na jibu. Nimegundua kwamba uchovu huo wa kurudi Jumatatu na jibu ndio kazi yenyewe. Mengine yalikuwa ratiba.

Kasha liko kwenye kabati la idara, rafu ya chini, nyuma ya maboksi ya chaki. Mbele yake kuna kadi tupu kumi na moja, kila moja na jina la mtu anayengoja; wengine wanaishi hapa hapa Isongole, na njia za kwao nimeziandika nyuma ya kadi. Naomba muwatafutie majibu, na mkiyapata, mwende wenyewe mkawaambie.